Masjala ya Stesheni

Homa ilipoondoka iliondoka na pua yangu.
Si pua hii inayobeba miwani; ile ya ndani,
iliyonilisha miaka kumi na minne kiwandani
nikifyonza kahawa kwa kijiko, nikitema, nikiandika:
ndimu. gunia bichi. huyu kaianika barabarani.
Sasa kahawa ni maji ya moto yenye rangi.

Basi nikaenda stesheni ya Mbale, ambako treni haiji,
nikagonga dirisha la tiketi kama nilivyoelekezwa:
mara mbili kwa ukucha, mara moja kwa ulimi.
Ubao una ladha ya chumvi, waliniambia.
Sikuijua.

Karani hana pua. Ndiyo maana aliajiriwa.
Mahali pa pua pana ngozi laini kama ganda la yai,
na mfuko wa shati una kalamu tatu za wino mwekundu.
"Jina?" Khainza. "La baba?" Wepukhulu.
"Unaweka au unaazima?"
Naazima.
Akachukua taa, akatangulia, ngazi zikashuka
kupita kisima chochote nilichowahi kuchungulia.

Chupa, vibuyu, makopo ya maziwa ya unga,
kila kimoja kimezibwa kwa nta na kuandikwa kwa mkono:
Mvua ya kwanza juu ya mabati ya moto, Namatala, saa nane mchana.
Senene wa kukaanga, chini ya taa ya barabarani, Novemba.
Shilingi mdomoni mwa mtoto, dakika moja kabla ya kumezwa.
Shati la mgeni aliyelala siku moja.
Uongo wa kwanza: ukwaju, na kutu kidogo.
Vingine vinanong'ona ukivipita. Kimoja kilikohoa.
Kabati la udongo uliolowa tulilipita haraka;
karani alinyanyua mkono akanifunika macho,
anajua watu wa Bududa wakoje na udongo uliolowa.

"Nambozo," nikasema. "Malewa yake.
Yale ya moshi wa wiki tatu juu ya meko,
yaliyochemshwa kwa maji ya majivu, kisha ufuta."

Akavuta droo. Kibuyu, kidogo kuliko ngumi.
Nikakitikisa: kimebaki kitu cha kijiko kimoja.
"Hapa hata asiye na pua hunusa," karani akasema,
"isipokuwa mimi. Ila kila anayenusa hupunguza.
Soma kadi."

Kadi ilijaa alama za dole gumba. Dole lile lile,
lenye kovu la panga katikati, mstari chini ya mstari,
kila mwaka, wiki ya kwanza ya masika.
Kovu hilo nalijua. Limenifunga viatu.
Baba, ambaye tangu mazishi hajalitaja jina lake,
aliyegawa vyungu vyake kabla matanga hayajaisha,
anayesema malewa humsumbua tumbo.

Nta ilikuwa laini. Ukucha wangu ulishaingia nusu.
Sijui nilisimama pale kwa muda gani;
taa ilipungua, karani akaijaza mafuta, ikapungua tena.
Kisha nikaikandamiza nta kwa kidole, pengo likafunga.
"Huazimi?"
Sikuja leo. Andika hivyo.
Akachomoa kalamu, akaandika: Hakuja.
Mwandiko wake mzuri, kama wa mwalimu wa darasa la kwanza.

Jumapili nikapanda Bududa na malewa ya sokoni.
Nikakoroga ufuta kwa macho tu, kwa mlio wa chungu,
kwa jinsi povu linavyoacha weupe na kuwa kama tope.
Baba akaketi karibu na moto kuliko baridi ilivyotaka.
Hakusema habari ya tumbo.
Akaonja. Akaweka kijiko chini, akatazama mlangoni
kama mtu aliyesikia akiitwa.
"Chumvi imezidi," akasema,
akasogeza sahani iongezwe.